Waacheni na machachari yao

Fungua ukurasa wa michezo wa gazeti lolote la Kiswahili baada ya mechi za wikendi, hukosi kukutana na winga machachari au mshambuliaji machachari. Hakuna msomaji anayeuliza maana yake. Sote tunajua huyo ni yule ambaye akipewa mpira pembeni, beki anaanza kurudi nyuma hata kabla hajafanyiwa chochote. Sasa sogea uani kwa jirani, umsikilize mama anayemlalamikia shoga yake: "Huyu mtoto ana machachari, hata sijui kamrithi nani." Neno ni lilelile. Gazetini ni sifa ambayo mtu analipiwa mshahara, uani ni shtaka.

Mimi niko upande wa gazeti, na nataka kueleza kwa nini.

Kwanza tazama sarufi yake. Uani, machachari ni kitu ambacho mtu anacho: ana machachari, machachari yake yamezidi, punguza machachari. Kwenye kurasa za michezo neno limekuwa kivumishi kisichobadilika, likakaa safu moja na hodari, stadi na shupavu: mchezaji machachari, wachezaji machachari. Wapo wanaosema huo ni uharibifu wa lugha. Mimi naona Kiswahili kimefanya kazi yake vizuri. Mtu huwa na homa, huwa na kikohozi, huwa na pepo. Tukisema mtoto "ana machachari" kwa sauti ile ya uani, tunayaweka kwenye kundi hilo, kama jambo lililomwingia na linalofaa kutibiwa limtoke. Mchezaji machachari hana cha kutolewa. Ndivyo alivyo, na ndicho alichosajiliwa nacho.

Hata hivyo machachari yenyewe ni nini hasa? Wengi husema ni kasi. Sikubaliani. Mkimbiaji wa mita 100 ana kasi kuliko wachezaji wote wa Ligi Kuu, na sijapata kumsikia mtu akimwita machachari, kwa sababu anakoelekea kunajulikana tangu bunduki haijalia. Machachari yanataka mwili usiotabirika. Waliokuwa Uwanja wa Mkapa Februari 23, 2021, siku Simba walipowafunga Al Ahly ya Misri 1-0, wanamkumbuka Luis Miquissone aliyefunga bao lile. Al Ahly walikuwa mabingwa wa Afrika, na ulinzi wao haukuwa wa kubahatisha. Yule kijana wa Msumbiji alikuwa haendi mwendo mmoja. Anasimama na mpira kana kwamba amechoka, anautikisa mwili kulia, anaondoka kushoto, anasimama tena, na beki aliyekuwa ameshaweka mguu anakuta ameuweka mahali pasipo na mtu. Haukupita muda mrefu, mwaka huohuo, Al Ahly wenyewe wakamsajili. Hayo ndiyo machachari kwa maana yangu: miguu na macho vinavyopata wazo jipya kabla ya aliye mbele hajamaliza kulielewa la kwanza.

Na hapo kuna jambo jingine. Machachari yanahitaji mtu wa kusumbuka nayo. Mchezaji hawi machachari peke yake mazoezini akipiga danadana. Anakuwa machachari pale kuna beki. Mbunge hawi machachari akisoma hotuba aliyoandikiwa. Anakuwa pale waziri anapoanza kupekua makaratasi akitafuta jibu. Mtoto vilevile. Kwa hiyo ukisikia mtu mmoja anayataja kwa furaha na mwingine kwa uchungu, mara nyingi wote wanaona kitu kilekile, ila mmoja yuko jukwaani na mwingine ndiye beki. Mzazi ni beki. Naelewa kuchoka kwake.

Kinachonisumbua ni kwamba katika kuchoka huko tunachanganya maneno, wakati Kiswahili kimetupa mengi, kila moja na kazi yake.

Chukua wepesi. Karibu na ninapoishi yuko mama anayepika vitumbua asubuhi. Chuma chake kina vishimo saba. Anazungusha upawa wa mchele uliosagwa akijaza kila kishimo bila tone kuanguka nje, na akimaliza cha saba, cha kwanza kimeshashika ukingo. Kijiti kinaingia pembeni, kitumbua kinapinduka, mafuta kidogo, kijiti kinahamia cha pili. Huku anakurudishia chenji na kumwuliza mwanafunzi habari za mama yake. Huo ni wepesi. Hakuna harakati moja iliyopotea, na hakuna hata moja usiyoitarajia. Ukimwita yule mama machachari utakuwa umemkosea, maana utulivu wake ndio unaofanya vitumbua visiungue. Wepesi ni wa kazi iliyozoeleka. Machachari ni ya kazi ambayo bado haijulikani itakwendaje.

Kuchangamka nako ni kwingine, na hili ndilo neno ninalolipenda kuliko yote. Kuchangamka mara nyingi ni kurudi kutoka mahali. Mji uliokuwa umelala unachangamka, biashara iliyodorora inachangamka, mgeni aliyeketi kimya anachangamka akishapata chai. Na mtoto aliyekuwa na homa. Kila mama anaijua ile asubuhi ambapo mtoto aliyekuwa amelala mapajani siku mbili hataki hata maji, anaamka, anaomba uji, anaukataa uji aliouomba, anamwaga kikombe, kisha anamfukuza kuku. Jirani akiuliza hali, mama anajibu neno moja: "Amechangamka." Hasemi ametulia. Utulivu wa mtoto mgonjwa ndio uliomkosesha usingizi.

Watu wa afya wanalijua hilo kwa jina lake. Mwongozo wa WHO na UNICEF wa kuhudumia watoto wagonjwa wa chini ya miaka mitano unawataka wahudumu watafute dalili za hatari kabla ya kitu kingine chochote: mtoto hawezi kunywa wala kunyonya, anatapika kila kitu, amepata degedege, au amelegea au amepoteza fahamu. Kulegea kumewekwa pamoja na degedege. Ndiyo maana muuguzi mzoefu, hata kabla hajashika kipimajoto, huuliza: "Anacheza?" Kwa macho yake mtoto anayeparamia benchi la zahanati ni habari njema. Halafu mtoto huyohuyo akifika nyumbani na kuparamia kochi, anakuwa ana machachari.

Kuna maneno ya lawama ambayo ni ya haki, na sitaki yafutwe. Kiherehere ni kushughulikia yasiyokuhusu kwa papara. Kimbelembele ni kujipeleka mbele ili uonekane. Makeke ni nguvu yenye vishindo na vitisho kidogo. Kondakta anayening'inia mlangoni akipiga bati la daladala ana makeke. Utukutu ni kukaidi, umekatazwa na umefanya tena. Ukorofi una mtu aliyeumizwa. Ukiangalia vizuri, katika maneno haya yote kuna kosa unaloweza kulitaja: kujionyesha, kukaidi, kuumiza. Katika machachari hakuna. Mtoto aliyepanda mwembe, akashuka, akapita chini ya uzio, akarudi kuuliza kwa nini jogoo hatagi, hajamkosea mtu. Amekuchosha tu.

Utundu upo katikati, na hapo lugha imekuwa na hekima kuliko sisi. Mtundu ni msumbufu, lakini fundi mtundu ni yule anayefufua redio iliyokataliwa na mafundi watatu. Neno moja limebeba lawama ya utotoni na sifa ya ukubwani. Waliotuachia neno hilo walikuwa wameona kitu: mkono unaofungua saa ya baba na kushindwa kuirudisha ndio mkono utakaokuja kuitengeneza.

Najua ninapingana na neno zito sana la Kiswahili cha siku hizi, nalo ni kutulia. Gari zuri limetulia, suruali iliyoshonwa vizuri imetulia, wimbo umetulia, binti wa kuoa ni yule aliyetulia. Tumelifanya kuwa kipimo cha kila kilicho chema. Sina ugomvi nalo kwa suruali. Kwa mtoto wa miaka sita ninao. Ingia darasa la chekechea lililofurika, utasikia amri ninayoamini imewapitia wasomaji wangu wengi: "Kidole mdomoni!" Watoto wote kimya, vidole midomoni, macho kwa mwalimu. Mwalimu mmoja mwenye watoto wengi kiasi hicho ana sababu, simlaumu kwa dakika tano za kimya anazozihitaji aanze somo. Ninachokataa ni pale kidole mdomoni kinapogeuka kuwa picha yetu ya mtoto mwema, hadi ripoti ya shule inaandikwa "ana uwezo, ila hatulii" na mzazi anasoma ile nusu ya pili tu.

Wapo watakaoniambia nina raha ya kuandika, nisimamie mtoto wa namna hiyo jijini penye bodaboda zinazopita hadi uchochoroni. Ni kweli, na hofu hiyo siidharau hata kidogo. Mtoto ashikwe mkono barabarani, ashikwe sana, na akaripiwe akichomoka. Lakini kumlinda na kumpa jina baya ni mambo mawili, na mtoto anayatofautisha mapema kuliko tunavyodhani. Kule Kenya walipotengeneza kipindi cha runinga chenye watoto kama wahusika wakuu, kikaonyeshwa Citizen, wakakiita Machachari tu, bila kuomba radhi. Neno likaingia sebuleni likiwa jina la kupendwa, watoto wakalitamka kwa fahari.

Sasa nifike kwenye jambo lililonifanya niandike. Mvulana akiwa machachari, hata anayemlalamikia huwa na tabasamu pembeni: huyu atakuwa mchezaji, huyu atakuwa mwanasiasa, huyu kamfuata mjomba wake. Msichana wa umri uleule, mwenye miguu ileile na macho yaleyale, haitwi machachari. Anaitwa mapepe. Na mapepe si neno dogo. Linaanza kama kutotulia, lakini kwa msichana haliishii hapo; limebeba tuhuma juu ya mwili wake na juu ya atakavyokuwa akishavunja ungo. Nimesikia mtoto wa miaka tisa akiitwa hivyo kwa sababu ya kuruka kamba barabarani na kucheka kwa sauti. Waliomwita walikuwa shangazi zake, wanaompenda, na waliamini wanamwonya. Kaka yake alikuwa juu ya ukuta wa jirani wakati huohuo.

Jambo hilo halikomei utotoni. Mbunge mwanamume anayesumbua mawaziri anaitwa machachari. Mwanamke anayeuliza maswali yaleyale unamsikia akiambiwa ana mdomo. Kijana wa kiume anayehama kazi kutafuta maslahi anachangamkia fursa. Dada yake akifanya hivyo, hajatulia.

Ndiyo maana nawashukuru watangazaji wa mpira kuliko wanavyojua. Clara Luvanga amefika Al Nassr ya Saudi Arabia, Aisha Masaka amepita Häcken ya Uswidi hadi Brighton ya Uingereza, na Twiga Stars, timu ya taifa ya wanawake ya Tanzania, wamecheza fainali za Afrika mwaka 2010 na tena zile zilizofanyika Morocco Julai 2025. Wasichana hao wakiwa na mpira, mtangazaji hana muda wa kutafuta neno la kike na neno la kiume. Anatumia lililopo mdomoni: mshambuliaji machachari. Redio inasema hivyo sebuleni, mbele ya baba, mbele ya shangazi, na mbele ya binti aliyekaa mkekani. Nadhani hakuna semina ya jinsia inayoweza kufanya kazi hiyo kwa ufupi namna hiyo.

Kwa hiyo ombi langu kwa mashangazi, nami naliandika kwa heshima yote, ni kuhusu neno moja tu. Akiwa amekaidi, mwambieni amekaidi. Akiwa amempiga mwenzake, mwambieni ni mkorofi na aombe msamaha. Akiwa anaruka kamba, anacheka, anapanda, anauliza, anakatiza katikati ya mazungumzo ya wakubwa kwa sababu ameona kinyonga, msimpe mapepe. Mfundisheni kusubiri zamu ya kusema, kisha nendeni naye mkamtazame huyo kinyonga.