Tusiulize Tu Samaki Amevuliwa Lini

Sisi tunaoishi Moshi tumezoea kumpima samaki wa baharini kwa macho na pua. Mnunuzi sokoni Mbuyuni hufunua matamvua aone kama bado ni mekundu, hubonyeza nyama, kisha humuuliza muuzaji gari limetoka Tanga au Dar es Salaam lini. Vipimo hivyo ni vya busara kwa samaki aliyeanza kuoza, nami sivibezi. Hata hivyo, ipo sumu ambayo havina uwezo wa kuiona, na kukaa kwetu mbali na bahari kumetusahaulisha swali lenye manufaa zaidi: huyu ni samaki gani, na ametoka mwamba gani?

Mdogo wangu ni baharia. Miaka michache iliyopita alikula chewa mkubwa katika kisiwa kimoja cha Bahari ya Hindi, na usiku uleule akatapika na kuharisha. Alipofika nyumbani siku chache baadaye, tumbo lilikuwa limetulia, lakini midomo na ncha za vidole vilikuwa na ganzi, na alfajiri alipofungua bomba anawe uso, maji yetu ya mlimani, ambayo kila mtu wa Moshi anaujua ubaridi wake, yalimchoma kama yaliyotoka jikoni. Kwenye zahanati alipimwa malaria na taifodi, akaandikiwa dawa, na hakuna aliyemuuliza alikuwa amekula nini. Wiki kadhaa baadaye, katika arusi ya binamu yetu, kata moja ya mbege ilimrudishia mwasho mwili mzima. Daktari mwingine, aliyewahi kufanya kazi visiwani, ndiye aliyetutajia jina la ugonjwa huo: siguatera.

Chanzo chake ni kijimwani cha chembe moja, kidogo kiasi kwamba hakionekani kwa macho, kinachoishi juu ya mwani mkubwa, majani ya bahari na matumbawe yaliyokufa. Mtafiti wa Kijapani Takeshi Yasumoto na wenzake walikitambua mwaka 1977 katika visiwa vya Gambier, Polinesia ya Ufaransa, huko Bahari ya Pasifiki, na mwaka 1979 kikapewa jina la Gambierdiscus toxicus. Baadaye zikagunduliwa aina nyingine za jamii hiyo. Kangaja na pono wanapokwangua mwani, humeza kijimwani pamoja na sumu yake. Chewa, mzia na mkunga huwala hao, na sumu huzidi kulimbikizana katika miili yao mwaka hata mwaka. Ndiyo maana samaki mkubwa wa mwambani huwa wa kutiliwa shaka zaidi, na ini, matumbo, mayai na kichwa hubeba sumu kuliko minofu. Nasema haya kwa uchungu, kwa sababu supu ya kichwa ndiyo tunayomtengea mgeni tunayemheshimu.

Samaki mwenyewe haugui. Hanuki, ladha yake haibadiliki, na sumu haiondoki kwa kuchemsha, kukaanga, kukausha, kutia chumvi wala kugandisha. Ikiingia mwilini huifungua milango midogo inayopitisha madini ya sodiamu katika mishipa ya fahamu, nayo mishipa hiyo ikawa inatuma taarifa zisizo za kweli, hata baridi ikahisiwa kama moto. Hakuna dawa ya kuiondoa. Mgonjwa hutibiwa dalili tu, na pombe au kula samaki tena huweza kuziamsha baada ya wiki au miezi.

Wapo watakaosema kwamba hayo ni mambo ya Pasifiki. Si hivyo. Siguatera inajulikana katika visiwa vya Réunion na Mauritius, humu humu Bahari ya Hindi, na mwaka 2001 UNESCO ilichapisha mwongozo wa vijimwani hatari vya Bahari ya Hindi ya Magharibi, ambao Watanzania walishiriki kuuandaa. Joto la bahari la mwaka 1998 liliua matumbawe mengi katika ukanda wetu, na uvuvi wa baruti umevunja mengine. Mwamba uliokufa hufunikwa na mwani, na kijimwani hiki hupata pa kukaa. Machi 2024, huko Kisiwa Panza, Pemba, watu tisa, wanane kati yao wakiwa watoto, walifariki baada ya kula nyama ya kasa. Sumu ya kasa ni ugonjwa mwingine, lakini nayo haiondolewi na moto wa jikoni.

Mvuvi wa pwani humjua samaki wake kwa jina na mahali alipomvua. Kinachotufikia huku ni vipande visivyo na kichwa wala ngozi, na jibu tunalopewa ni kwamba huyu ni samaki wa baharini, basi. Kwa maoni yangu, jina la samaki na mwalo aliposhushwa vingeandikwa kwenye kila sanduku la barafu kabla halijapakiwa, kwani kazi hiyo inahitaji kalamu na kipande cha karatasi tu. Nao waganga wetu wa zahanati, wakipata mgonjwa aliyeharisha kisha akalalamika kwamba maji baridi yanamchoma, wamuulize amekula samaki gani, lini, na nani mwingine aliketi naye kwenye sinia hilo.