Ramani iliyochorwa na jua tumboni
Eti msanii Ingrid Mwangi, aliyezaliwa Nairobi mwaka 1975 na kuhamia Ujerumani akiwa na miaka 15, anaanika mwili wake ili kushtua watu tu! Siafiki hata kidogo. Katika kazi yake ya picha mbili, Static Drift ya 2001, alifunika tumbo kwa kiolezo, akakaa juani mpaka ngozi yenyewe ikachora ramani: picha moja Afrika, nyingine Ujerumani. Jua na ngozi, basi. Mimi chotara, niliyeitwa mzungu kwa baba na Mwafrika kwa mama, zile picha zilinitoa machozi. Na mwaka 2005 yeye na mumewe, Robert Hutter, waliunganisha majina na wasifu wao wakawa msanii mmoja. Mtafuta kiki angekubali hilo? Wenzangu wa damu mbili, mnaonaje?