Waziri Aliyeapa Mbele ya Majaji

Katikati ya Julai 2024, nikiwa katika chumba cha mapumziko cha wauguzi hospitalini ninapofanya kazi, hapa Leeds, niliona kwenye simu yangu jambo ambalo halikunitoka akilini hadi zamu ilipokwisha. Chama cha Labour kilikuwa kimeshinda uchaguzi, Waziri Mkuu mpya alikuwa ameshapanga mawaziri wake, na Shabana Mahmood, aliyepewa wizara ya sheria pamoja na cheo cha kale kinachoitwa Lord Chancellor, alikuwa akiapishwa jijini London akiwa amevaa joho jeusi lenye nakshi za dhahabu. Aliapa mbele ya majaji, ndani ya mahakama yao, wakiongozwa na Jaji Mkuu Sue Carr. Kwa maneno yaliyowekwa na sheria ya 2005, aliapa kwamba ataheshimu utawala wa sheria, atalinda uhuru wa mahakama, na atatimiza wajibu wake wa kuhakikisha kuwa mahakama zinapata rasilimali za kufanyia kazi. Mwanasiasa alikuwa amewafuata majaji nyumbani kwao ili kuwaahidi ulinzi.

Sisi Watanzania tunaijua vizuri picha yetu. Jaji ndiye anayesafiri kwenda Ikulu, ndiye anayepanga foleni na wakuu wa mikoa na makatibu wakuu siku ileile, na baada ya kiapo ndiye anayekaa kimya kusikiliza hotuba. Waziri wa Katiba na Sheria naye huapa pale pale, kiapo kilekile cha uaminifu anachoapa waziri wa mifugo. Sijawahi kusikia, tangu nikiwa mtoto Moshi nikisikiliza redio ya baba, waziri wa kwetu akiapa hadharani kwamba kazi yake mojawapo ni kumlinda jaji dhidi ya mawaziri wenzake.

Nimejiuliza kwa nini jambo hili limenigusa kiasi hiki, ilhali mimi si mwanasheria, na jibu liko kwenye kihamba chetu, yaani shamba la ukoo. Mwaka 2018 baba yangu alishindwa kesi ya mpaka dhidi ya jirani mwenye uwezo, katika baraza moja la ardhi la wilaya. Wasomaji wa kutoka Kilimanjaro hawahitaji kuelezwa kihamba ni nini, wala kwa nini mzee wa miaka sabini anaweza kukosa usingizi kwa ajili ya upana wa hatua nne penye migomba na makaburi ya wazazi wake. Sisemi kwamba mwenyekiti wa baraza lile alipendelea, kwa sababu sina ushahidi, na inawezekana kabisa kwamba aliamua kwa haki. Ninachosema ni kile alichosema baba tulipotoka nje: "Huyu ameletwa na waziri, mwanangu. Atamwogopa nani, mimi?" Na kwa mujibu wa sheria alikuwa sahihi kuhusu jambo la kwanza. Mabaraza hayo yaliundwa kwa sheria ya 2002, na wenyeviti wake waliteuliwa na waziri wa ardhi kwa kipindi cha miaka 3, wakitazamia kuteuliwa tena. Mtu anayesubiri barua ya waziri kila baada ya miaka 3 anaweza kuwa mwadilifu kama malaika, lakini aliyeshindwa mbele yake hatakosa la kushuku.

Hapo ndipo najua nitaanza kusikia sauti. Kuna kaka mmoja pale Majengo, tulisoma pamoja, ambaye kila nikiandika jambo kama hili hunijibu kwamba nimekaa Uingereza hadi nimeanza kuona kila kitu cha Wazungu kuwa kitakatifu, na kwamba nalipwa kwa pauni kisha nawahukumu wanaolipwa kwa shilingi. Namwomba aniache nimalize. Sitaki kusema kwamba Waingereza walizaliwa na uhuru wa mahakama, kwa sababu ukweli ni kinyume kabisa, na ukweli huo ndio unaonipa matumaini.

Hadi miaka ishirini iliyopita, huyu Lord Chancellor alikuwa mtu mmoja mwenye kofia tatu. Alikuwa waziri katika baraza la mawaziri, alikuwa mwenyekiti wa vikao vya Baraza la Malodi, yaani chumba cha juu cha Bunge la Uingereza, vinavyopitisha sheria, na alikuwa mkuu wa majaji wa England na Wales mwenye haki ya kukaa mwenyewe kusikiliza rufaa. Babu yangu wa Kibosho alipotusimulia juu ya baraza la Mangi, ambapo mtawala aliyetoa amri asubuhi ndiye aliyekaa jioni kuamua kama amri imevunjwa, sisi wajukuu wasomi tulidhani anasimulia mambo ya kizamani ya Wachagga. Kumbe Uingereza iliyotutawala na kutuandikia taratibu za mahakama ilikuwa na Mangi wake pale London, amevaa nywele za bandia, na aliendelea kuwapo zaidi ya miaka arobaini baada ya sisi kuwaondoa machifu katika mahakama zetu. Serikali ya Tony Blair ilitangaza mwaka 2003 kwamba cheo hicho kitafutwa, ikagundua kuwa hakifutiki kirahisi, na hatimaye sheria ya 2005 ikakibakiza huku ikikivua mamlaka. Ukuu wa majaji ulikwenda kwa Jaji Mkuu, Baraza la Malodi likapata mwenyekiti wake, na mwaka 2009 mahakama ya juu kabisa ikahama Bungeni na kupata jengo lake. Waziri aliachiwa kiapo.

Aliachiwa pia mlango mwembamba katika uteuzi. Tume ya uteuzi wa majaji yenye wajumbe 15, ambayo mwenyekiti wake si jaji wala mwanasheria, hupokea maombi, hufanya usaili na kumpelekea jina moja kwa kila nafasi ya juu. Anaweza kulikubali, kulikataa, au kuiomba tume ifikiri tena, lakini hana ruhusa ya kuchomoa jina la rafiki yake kutoka mfukoni. Kwetu Rais huteua majaji wa Mahakama Kuu "baada ya kushauriana" na Tume ya Utumishi wa Mahakama, na maneno hayo matatu yamebeba mzigo mkubwa kuliko uwezo wake, kwa sababu anayeshauriwa hajui kama alisikilizwa.

"Lakini viapo vinavunjwa," kaka yangu atasema, na hapa nitamkubalia kabla hajamaliza. Novemba 2016 majaji watatu wa Mahakama Kuu ya London waliamua kwamba Serikali haiwezi kuanza safari ya kutoka Umoja wa Ulaya bila idhini ya Bunge. Kesho yake gazeti la Daily Mail liliweka picha zao ukurasa wa mbele na kuwaita maadui wa wananchi. Liz Truss, ambaye wakati huo ndiye aliyekuwa amekula kiapo kile, alichelewa kusema, na aliposema alitoa sifa za jumla kwa mahakama bila kuukemea ukurasa ule. Lord Thomas, Jaji Mkuu wa wakati huo na mmoja wa wale watatu, aliieleza kamati ya Baraza la Malodi mwaka uliofuata kwamba waziri alikosea kabisa, na kwamba kwa mara ya kwanza katika maisha yake ya ujaji alilazimika kuomba ushauri na ulinzi wa polisi.

Naam, kiapo hakikufanya kazi siku ile. Hata leo hakijamaliza foleni ya mashauri ya jinai ambayo imepita 70,000 katika Mahakama ya Crown, inayosikiliza makosa makubwa England na Wales, ingawa waziri ameapa kuhusu rasilimali. Hata hivyo, naomba ndugu zangu wazingatie kilichotokea baada ya Truss kunyamaza. Mawakili walikutana wakamtaka aseme, magazeti mengine yakamtaka aseme, Malodi wakamhoji, na wote walimshika kwa maneno yaleyale aliyoyatamka kwa kinywa chake mbele ya majaji. Walikuwa na pa kumshikia. Sisi waziri wetu akinyamaza wakati mkuu wa wilaya anamtisha hakimu kwenye mkutano wa hadhara, tutamshika wapi? Atatujibu, na atakuwa sahihi, kwamba hakuna mahali alipoahidi kusema.

Wala nisidhaniwe kuwa naidharau nchi yangu, maana katika maandishi sisi tumewazidi Waingereza, ambao hawana hata kitabu kimoja kinachoitwa Katiba. Ibara ya 107B ya Katiba yetu inasema waziwazi kwamba mahakama zote zitakuwa huru, na zitalazimika kuzingatia tu masharti ya Katiba na ya sheria za nchi. Nasi tumekuwa na majaji walioiishi ibara hiyo hata kabla haijaandikwa. Jaji Kahwa Lugakingira aliamua mwaka 1994, katika kesi ya Mchungaji Christopher Mtikila, kwamba raia ana haki ya kugombea bila chama, na kila nikiikumbuka hukumu ile natembea kifua mbele hapa ugenini. Kisha nakumbuka yaliyofuata, na kifua kinarudi: Bunge likabadili Katiba na kuifuta haki ile. Mtikila alirudi mahakamani, mwaka 2010 Mahakama ya Rufani ikasema jambo hilo ni la kisiasa, naye akavuka mpaka wa mkoa hadi Arusha, kilomita kama 80 kutoka kwetu, ambako Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu ilimpa ushindi mwaka 2013. Na sisi wenyeji wa mahakama hiyo, tulioipa ardhi na kujivunia bendera zake, mwishoni mwa 2019 tukaliondoa tamko lililowaruhusu wananchi wetu kufungua kesi mbele yake moja kwa moja. Katika safari yote hiyo sikumbuki waziri hata mmoja aliyesimama na kusema kwamba hukumu ya jaji inastahili kutetewa na Serikali iliyoshindwa.

Mwingine ataniambia kwamba hata Rais wetu huapishwa na Jaji Mkuu, kwa hiyo mahakama iko juu yake siku ya kwanza. Ni kweli, na ni jambo zuri. Lakini mwaka 2017 Jaji Mkuu aliyekuja kuwaapisha marais alikaa akikaimu kuanzia Januari hadi Septemba, na mtu anayekaimu anajua nani anashikilia kalamu.

Sidai tuige majoho. Ibara ya 56 ya Katiba yetu inamtaka waziri aape mbele ya Rais kiapo cha uaminifu, na pia kiapo kingine chochote kinachohusu utendaji wa kazi yake kitakachowekwa na sheria iliyotungwa na Bunge. Mlango uko wazi tangu zamani. Hatuhitaji kungoja Katiba mpya, ambayo tangu rasimu ya Tume ya Jaji Warioba tumeingoja hadi watoto waliozaliwa wakati ule wameingia sekondari. Inatosha mbunge mmoja, awe wa Moshi au wa kwingineko, apeleke muswada wa vifungu vichache unaosema kwamba Waziri wa Katiba na Sheria ataapa kulinda uhuru wa mahakama. Hata kama kiapo chenyewe kitaendelea kufanyika Ikulu mbele ya Rais, maneno yatakuwa yametamkwa na sisi tutakuwa tumeyasikia.

Binamu yangu wakili alipoisoma hukumu ya baba alimwambia kwamba sababu za rufaa zipo, tena nzuri, na kwamba sheria inampa siku 45 za kwenda Mahakama Kuu, ambako mambo hayahusiani na waziri wa ardhi. Nilituma fedha za kufungulia rufaa hiyo. Baba alizipokea, akanishukuru, akazihifadhi. Alimwuliza binamu swali moja tu, kama majaji wa huko juu nao wanateuliwa na watu wa Serikali, na binamu, ambaye hapendi kusema uongo, akamjibu ndiyo. Siku zile 45 zilipita baba akiwa amekaa barazani, akiutazama mpaka mpya.