Sanduku la chai ndilo lililoanzisha roki ya Uingereza

Roki ya Uingereza husimuliwa kana kwamba Elvis alishuka melini na magitaa ya umeme ya kumtosha kila kijana wa Liverpool. Elvis hakupiga shoo hata moja Uingereza. Na kuanzia 1951 hadi 1959, serikali ilizuia ala za Kimarekani kuingizwa nchini ili kuokoa dola. Santuri zilifika, Redio Luxembourg ilisikika usiku, lakini gitaa la umeme la Fender, kampuni ya Kimarekani, wengi waliliona pichani tu.

Aliyewatoa vijana kwenye kusikiliza akawatia kwenye kupiga ni mwimbaji Lonnie Donegan. Januari 1956 "Rock Island Line", wimbo alioutoa kwa Mmarekani mweusi Lead Belly, uliingia kwenye chati. Mtindo huo, skiffle, haukudai mengi: gitaa kavu (lisilo la umeme), kodi tatu za muziki, ubao wa kufulia uliokwaruzwa kwa subana za mshonaji, na besi ya sanduku la chai, lile kubwa la plaiwudi la kusafirishia majani ya chai.

Wapenzi wa muziki wa kidumbak wa Zanzibar wanaijua besi hiyo. Pindua sanduku la plaiwudi, toboa tundu katikati ya kitako, pitisha kamba na uifunge fundo kwa ndani juu ya washa (kipande bapa cha chuma chenye tundu). Bila washa, fundo litachana plaiwudi. Ncha ya pili funga juu ya mpini wa ufagio uliosimama ukingoni mwa sanduku. Mpini usipigiliwe misumari, maana kuuvuta nyuma ndiko kunakokaza kamba na kupandisha sauti. Sanduku likikaa bapa sakafuni, mvumo unazibwa. Inua ukingo mmoja kidogo.

Bendi za namna hiyo zilihitaji pa kupigia, na baa hazikuwaruhusu vijana kunywa kabla ya miaka 18. Migahawa ya kahawa haikuuza pombe, hivyo ikawa yao. Katika chumba cha chini cha mgahawa wa 2i's, mtaa wa Old Compton, Soho, London, ndiko mwimbaji Tommy Steele alikogunduliwa mwaka 1956. Kwangu mimi, utamaduni wa klabu za vijana unadaiwa na kahawa kuliko bia. Hata klabu ya Cavern ya Liverpool, iliyofunguliwa Januari 1957 kwa ajili ya jazi, haikuwa na leseni ya pombe; Beatles walianza kupiga hapo kwa shoo za mchana, wakati makarani wakiwa kwenye mapumziko ya chakula.

Mwaka 1959 mwimbaji Cliff Richard aliagiza Stratocaster, gitaa la Fender, kutoka Marekani kwa ajili ya mpiga gitaa wake, Hank Marvin. Mbele ya amplifaya sanduku halikusikika tena, lakini waliolipiga walikwishajua kukaa kwenye mdundo.