Majenerali Wapumzike, Nataka Kumsikia Mtunza Stoo

Muuza vitabu wangu ana kawaida moja. Akiniona natokea upande wa Posta, anachukua kitabu chenye sura ya Hitler, anakipangusa vumbi kwa kiganja na kukiweka juu ya vingine. "Bosi, huyu anatoka sana," ananiambia. Na kweli anatoka. Pale kwenye turubai lake, kati ya vitabu vya kukufundisha utajiri na vile vya kidato cha nne vilivyopoteza majalada, vita vya Wazungu havikosekani hata siku moja. Mwaka jana nilichimba lundo hadi chini nikatoka na kitabu kimoja kilichobanduka gamba, kimejaa alama za penseli za mtu aliyekisoma kabla yangu. Akakipekua, akacheka.

"Hicho hesabu tupu. Lete elfu nne."

Kilikuwa ni Supplying War cha Martin van Creveld, kuhusu ugavi wa majeshi, kilichotoka mwaka 1977. Elfu nne! Kumbukumbu za majenerali nimewahi kuzinunua kwa elfu ishirini na tano, na sikupata humo nusu ya nilichokipata kwenye hicho cha hesabu.

Niseme mapema mimi ni nani, maana maoni yangu yanatokana na kazi yangu. Bunduki sijawahi kuishika. Napanga malori, Dar kwenda Tunduma na kuvuka mpaka. Kila asubuhi lazima nijue gari gani limepita mizani ya Vigwaza, lipi limelala Mikumi na pancha, na dereva gani hapokei simu. Mtu wa kazi hii akisoma kwamba jeshi la watu laki tatu lilisonga kilomita 30 kwa siku, hana haraka ya kujua jina la kamanda. Anataka kujua jioni walikula nini, na nani aliwafikishia.

Vitabu vingi vya vita vya Ulaya havina jibu. Vina ramani zenye mishale minene: mmoja unatoka Ujerumani, unapinda Ubelgiji, unashuka kuelekea Paris. Mshale hauna tumbo wala haupati malengelenge mguuni. Msomaji anafunga ukurasa akiamini vita ni mchezo wa bao, nani kamzidi nani akili.

Chukueni mwaka 1914, Vita vya Kwanza vya Dunia vinaanza. Ule mshale wa kulia kabisa ulikuwa Jeshi la Kwanza la Ujerumani chini ya von Kluck. Van Creveld anaeleza kwamba jeshi hilo peke yake lilikuwa na farasi wapatao 84,000, na malisho yao yalikaribia tani 900 kwa siku. Kwa siku! Nilipofika hapo niliweka kitabu chini nikachukua kikokotoo. Ni semi thelathini za tani 30, zimejaa nyasi na shayiri, kila siku ya Mungu, na hapo askari mwenyewe hajapata hata kipande cha mkate. Hakuna aliyejaribu kuyabeba yote hayo. Farasi waliachwa wajitafutie mashambani. Ilikuwa Agosti, wakala nafaka mbichi, wakaugua, na kufika mto Marne, karibu na Paris, mwezi Septemba wengi walikuwa hoi. Malori nayo yalikuwa machache, na zaidi ya nusu yalikuwa yameshakufa njiani. Reli Wabelgiji walikuwa wameibomoa madaraja na mahandaki yake, hivyo treni zilishusha mzigo mbali sana nyuma ya askari waliouhitaji.

Halafu unafungua kitabu kingine, unaambiwa Wajerumani walishindwa Marne kwa sababu jenerali fulani alipoteza ujasiri.

(Kwa wenzangu wa usafirishaji: zile teksi za Paris zilizopeleka askari vitani kwenye mapigano hayohayo zilikwenda mita zikihesabu, na serikali ya Ufaransa ikalipa nauli, faranga 70,012. Nimewaonyesha madereva wetu. Wamesema hao ndio wateja.)

Kitu kilichonifungua macho zaidi, lakini, ni mchoro. Mwaka 1869 mhandisi mmoja wa Ufaransa, Charles Joseph Minard, akiwa na miaka 88, alichora safari ya Napoleon kwenda Moscow mwaka 1812. Aliichora kama utepe ambao unene wake ni idadi ya watu. Mto Niemen, mpakani mwa Urusi, wanavuka 422,000. Moscow wanaingia 100,000. Wanaorudi ni 10,000. Sasa uangalie vizuri huo utepe. Unasinyaa zaidi wakati wa kwenda kuliko wakati wa kurudi, na kwenda ilikuwa kiangazi. Ni kweli baadhi waliachwa njiani kulinda pembeni, lakini walioondolewa na njaa, homa ya chawa na utoro kabla hata tone la theluji halijadondoka ni wengi mno. Tulifundishwa shuleni kwamba Napoleon alishindwa na baridi. Baridi ilimkuta tayari amekwisha.

Uongo huohuo wa baridi ulirudi baada ya 1945, na safari hii wenyewe walioshindwa ndio walioshika kalamu. Erich von Manstein, jenerali wa Hitler, alitoa kumbukumbu zake mwaka 1955, jina lake kwa Kiswahili lingekuwa Ushindi Uliopotea, na jina hilo limeshakueleza yote: sisi tulikuwa hodari, mwenye makosa ni Hitler. Franz Halder, aliyekuwa mnadhimu mkuu wa jeshi la nchi kavu, alipewa kazi na Jeshi la Marekani ya kusimamia mamia ya maofisa wenzake wa zamani waandike historia ya vita walivyoshindwa. Fikiria dereva aliyepindua gari anapewa karatasi ya ripoti ya ajali aijaze mwenyewe, peke yake, kwa miaka. Kosa litakuwa la barabara, la mvua, na la bosi aliyemharakisha.

Ukirudi stoo unakuta habari nyingine. Makoti ya baridi ya mwaka 1941, Hitler alipoivamia Urusi, hayakusahauliwa yote. Mengi yalikuwepo, yamekaa nyuma huko Poland. Kilichokosekana ni mabehewa. Kila siku ilibidi mtu achague: apakie makoti, au apakie mafuta na makombora ili Moscow ianguke kabla ya kuhitaji makoti? Walichagua mafuta. Kamari hiyo naielewa, ingawa aliyeicheza simsikitikii.

Na reli yenyewe. Ya Urusi ilikuwa na upana wa milimita 1,524, ya Ujerumani 1,435. Sisi huku hatuhitaji kuchorewa picha, maana mzigo wa TAZARA hauingii reli ya kati bila kushushwa na kupakiwa upya. Wajerumani waliisogeza reli moja kwa karibu sentimita tisa, wakaipigilia misumari upya, kilomita maelfu. Hiyo ndiyo iliyokuwa kazi nyepesi. Vichwa vya treni vya Urusi vilikuwa vikubwa na vilikwenda mbali bila kuongeza maji, kwa hiyo vituo vya maji vilikuwa mbalimbali. Vya Kijerumani vikawa vinaishiwa maji katikati ya pori. Vilikuwa pia na mabomba yaliyopita nje ya tangi la mvuke, na Desemba ilipofika yakaganda na kupasuka.

Stalingrad nayo nimeisoma kwenye vitabu vitatu au vinne, vya Kiingereza vyote, lakini niliielewa nilipobadilisha tani kuwa magari. Jeshi la Sita la Ujerumani lilizingirwa na Warusi kwenye mji huo Novemba 1942. Lenyewe lilisema linahitaji kama tani 500 kwa siku, na la sivyo 300 za kushikiza roho. Göring, mkuu wa jeshi la anga, akaahidi kuzipeleka kwa ndege. Tani 300 ni semi kumi. Semi kumi mimi nazipanga kabla sijamaliza chai. Lakini ndege ya Junkers 52 inabeba kama tani mbili, kwa hiyo ni safari 150 kila siku, kwenye ukungu na theluji, huku unapigwa risasi. Wastani uliofika ulizunguka tani 100. Walikula farasi wao. Wapatao 91,000 walijisalimisha mwanzoni mwa 1943, na waliorudi kwao baadaye hawakufika 6,000.

Hapa inabidi nijikosoe. Usomaji huu wa tani na mabehewa unanoga, na kunoga kwake kuna hatari. Ukizama sana utaanza kumuonea huruma yule ofisa ugavi kwa sababu ya ratiba yake ngumu, ukasahau alikuwa anasambaza nini na kwa nani. Kitabu cha van Creveld chenyewe kina upofu huo kidogo, achilia mbali kwamba wanahistoria wengine wamezipinga hesabu zake za karne ya 17. Jeshi la Hitler halikuingia Urusi likiwa limesahau chakula. Lilikuwa na mpango wa chakula: kula cha wenyeji. Tarehe 2 Mei 1941, wiki saba kabla ya uvamizi, makatibu wakuu wa wizara walikaa kikao, na kumbukumbu za kikao hicho zimebaki hadi leo. Zinasema wazi kwamba jeshi likilishwa kutoka Urusi, mamilioni ya watu huko watakufa njaa. Imeandikwa kama unavyoandika upungufu wa diseli. Wafungwa wa kivita wa Kisovieti waliokufa mikononi mwa Wajerumani walizidi milioni 3, wengi kwa njaa na baridi nyuma ya seng'enge. Daftari la stoo likisomwa vizuri ni ushahidi wa mauaji. Hiyo ndiyo sehemu ambayo kumbukumbu za majenerali zinairuka kwa adabu kubwa.

Leningrad, jiji la Urusi, ilizingirwa na Wajerumani siku 872. Kati ya Novemba na Desemba 1941 mgao wa mtoto, na wa mtu yeyote asiyekuwa mfanyakazi wa kiwandani, ulikuwa gramu 125 za mkate kwa siku. Ni robo ya mkate wa nusu kilo, na unga wenyewe umechanganywa na vitu visivyoliwa. Chakula kilichopita kilipita juu ya ziwa Ladoga lililoganda, kwenye vilori vya tani moja na nusu, usiku na mchana. Madereva waliendesha milango ikiwa wazi, wengine waliing'oa kabisa, ili barafu ikipasuka mtu aruke. Nimekaa miaka mingi na madereva. Najua mtu anavyopenda mlango wa gari lake ufungwe vizuri, baridi ya Makambako tu isimpate. Hiyo milango iliyong'olewa imekaa kichwani mwangu kuliko vifaru vyote vya mapigano ya Kursk.

Ndiyo maana nikiulizwa nianze na kipi, simtaji jenerali yeyote. Churchill aliandika juzuu sita na akapewa Nobel ya fasihi mwaka 1953, nami nasema ukizipata soma viambatisho vya mwisho, barua zake fupi fupi kwa mawaziri kuhusu meli na vyakula. Vinasema kweli kuliko sura zenyewe. Svetlana Alexievich alitoa kitabu mwaka 1985 cha wanawake wa Kisovieti waliokwenda vitani, na humo utawakuta marubani na wadunguaji, sawa, lakini utawakuta pia waoka mikate, madereva na wafua nguo za damu. Vita vilipita mikononi mwao kwa kilo.

Njia yangu ya kwenda kwa muuza vitabu inapita kwenye sanamu ya Askari, iliyosimamishwa mwaka 1927. Askari wa shaba ameelekeza singe, na kila mtalii anampiga picha. Maandishi ya chini yanawataja pia wapagazi, yakiwaita miguu na mikono ya jeshi. Wazungu walipoleta vita vyao huku, vile vya kwanza vya dunia, farasi na ng'ombe waliuawa na mbung'o, kwa hiyo mzigo ukapanda kichwani mwa mtu. Fanya hesabu yake: mpagazi anabeba kilo 25 na anakula kilo moja kwa siku. Siku kumi za kwenda na kumi za kurudi ameshakula 20, jeshi limepata tano. Wakaongezwa wapagazi wa kuwabebea wapagazi. Walichukuliwa watu karibu milioni moja, na upande wa Waingereza peke yake wanakadiriwa kufa 95,000 hivi, zaidi kwa kuhara na maradhi kuliko kwa risasi. Wakati huohuo kwenye rafu za Ulaya, von Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani huku, bado ni yule jenerali mjanja ambaye hakushindwa.

Juzi kati mzee mmoja, dereva wetu wa siku nyingi, alikuwa ofisini anasubiri kupakia. Mezani kulikuwa na kitabu changu kingine, chenye picha. Akafungua penye lori la Kijerumani limezama kwenye tope hadi bodi, askari kumi na kitu wanalisukuma.

"Hii gari ya kampuni gani, mwanangu?"

Nikamwambia huenda hata si ya Kijerumani, kwa sababu walizoa magari ya kila nchi waliyoiteka, na walipoingia Urusi walikuwa na aina kama 2,000.

Akavua miwani. "Aina elfu mbili? Na spea?"

Nikamsimulia habari ya spea. Alicheka mpaka akatafuta kiti. Kiingereza hakisomi, na kwa Kiswahili sijui nimpe kipi, kwa hiyo sasa kila akija kusubiri mzigo namtafsiria kurasa mbili tatu kwa mdomo, na utingo wake anasikiliza dirishani. Jana tumefika Smolensk.