Askari aliyekosekana mbele ya mahakama ya Franklin

Mji wa Franklin uko kusini mwa Nashville, Tennessee, mwendo wa kama nusu saa kwa gari barabara ikiwa nyeupe. Ni makao makuu ya kaunti ya Williamson. Katikati ya mji pana uwanja: maduka ya matofali, mzunguko wa magari, na jengo la zamani la mahakama lenye nguzo za chuma. Kwenye mzunguko, juu ya nguzo ndefu, yupo askari wa marumaru wa jeshi la Kusini, yaani la majimbo yaliyojitenga katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, 1861 hadi 1865. Mbele ya mahakama, jirani kabisa na wapita njia, yupo mwingine wa shaba, askari mweusi wa jeshi la Muungano, yaani la serikali ya Marekani iliyopigana na majimbo hayo. Wa marumaru alisimamishwa mwaka 1899. Wa shaba alizinduliwa Oktoba 23, 2021.

Watu wengi, wakiwemo ndugu zetu wazungumzao Kiswahili wanaoishi huku, hulieleza jambo hili kwa neno moja: usawa. Wanasema mji umeweka mizani, kila upande umepata askari wake, basi yamekwisha. Ninaifurahia sana sanamu ya shaba, na kwa sababu hiyo hiyo maelezo hayo yananiuma.

Tuanze na yule wa juu. Novemba 30, 1864, Jenerali John Bell Hood wa Kusini aliwasukuma askari wake kwenye mahandaki ya jeshi la Muungano hapo Franklin. Kwa muda wa takriban saa tano, kiasi cha watu 10,000 wa pande zote mbili waliuawa, walijeruhiwa au walitekwa, na majenerali sita wa Kusini walipoteza maisha. Nyumba za mji zikageuka hospitali. Waliofiwa walilia kilio cha kweli, na simnyimi mtu yeyote haki ya kumlilia mwanawe.

Lakini maiti wale walikuwa na makaburi yao. Karibu askari 1,500 wa Kusini wamezikwa Carnton, pembeni mwa mji, kwa mistari, kila jimbo na sehemu yake. Mabinti wa Shirikisho la Kusini, chama cha wanawake wa koo za askari hao, walipotaka kuweka sanamu, miaka 35 baada ya vita, hawakuichagulia makaburini. Waliichagulia uwanjani, karibu na mlango wa mahakama, palepale watu weusi walipokuwa wakiuzwa kwa mnada. Kabla ya vita, zaidi ya nusu ya wakazi wa kaunti hii walikuwa watumwa. Na Agosti 1888, miaka 11 tu kabla ya sanamu hiyo, kijana mweusi aitwaye Amos Miller alitolewa kwa nguvu ndani ya mahakama wakati kesi yake ikiendelea, genge la watu likamnyonga kwenye roshani ya jengo lilelile. Hebu fikiria mama mweusi wa Franklin aliyepita uwanjani mwaka 1899 akainua macho. Hakuhitaji kusomewa maandishi ili aelewe mahakama ile ilikuwa ya nani.

Sasa mtazame wa shaba. Mchongaji Joe Frank Howard amemfanya wa kimo cha mtu, mguu mmoja juu ya kisiki, bunduki juu ya goti, pingu zilizokatika zikiwa chini. Watu weusi kama 180,000 walipigana katika jeshi la Muungano, na takriban 20,000 kati yao walitoka Tennessee. Kwa muda mrefu walilipwa dola 10 kwa mwezi, 3 zikikatwa za nguo, wakati mzungu alipokea 13 kamili. Walijua pia kwamba wakikamatwa huenda wasihesabiwe mateka wa vita. Aprili 1864, huko Fort Pillow, Tennessee hiihii, wengi wao waliuawa wakiwa wamekwisha kujisalimisha. Bado walijiandikisha. Wiki mbili baada ya Franklin, kwenye vita vya Nashville, kikosi cha 13 cha askari weusi kilipanda kilima cha Overton chini ya risasi na kupoteza zaidi ya watu 200, waliokufa na waliojeruhiwa, katika shambulio hilo moja.

Wa marumaru alipigania serikali iliyoundwa ili utumwa uendelee. Wa shaba alipigana asirudishwe sokoni. Mizani gani itakayowapima hao wawili ikasema wako sawa? Kilichotokea mwaka 2021 ni kwamba shahidi aliyezuiwa mlangoni kwa zaidi ya karne moja aliruhusiwa kuingia mahakamani.

Sifa ziwaendee walioanzisha kazi hii baada ya ghasia za Charlottesville, Virginia, za Agosti 2017, wabaguzi wazungu walipoandamana kutetea sanamu ya jenerali wa Kusini: wachungaji Hewitt Sawyers, Chris Williamson na Kevin Riggs, pamoja na mwanahistoria Eric Jacobson. Walianza na mabamba ya maelezo yaliyowekwa uwanjani mwaka 2019, yanayosimulia habari za soko la watumwa na za ghasia za kisiasa zilizotokea hapo mjini mwaka 1867. Wangeweza kuishia hapo. Wasomaji wa Dar es Salaam wataelewa kwa nini isingetosha: Sanamu ya Askari pale Posta inawataja wapagazi, waliobeba mizigo ya jeshi katika Vita vya Kwanza vya Dunia, kwenye maandishi yake, lakini aliyesimama juu, anayeonekana na kila apitaye, ni askari peke yake. Maandishi husomwa na mwenye nafasi. Sanamu humkuta hata mtoto anayevuka barabara.

Wapo wanaosema wachungaji wale walipaswa kudai sanamu ya marumaru iondolewe. Sheria ya Tennessee haiwaachii wakazi uamuzi huo. Kuhamisha kumbukumbu ya vita kunahitaji kibali cha tume ya historia ya jimbo, na kukipata ni kazi kubwa. Naiona sheria hiyo kuwa ni dhuluma. Watu wa Franklin, weusi na weupe, ndio wanaopita uwanjani kila siku, na ndio wangepaswa kuamua nani akae katikati yao. Mimi ningepiga kura askari wa marumaru ahamishiwe makaburini, akae na wenziwe aliowekwa kuwakumbuka, na yule wa shaba abaki palepale mbele ya mahakama.