Mlinzi wa Dola Moja

Mwaka 2006 tuligombana juu ya filamu ambayo Watanzania wengi hawakuwa wameiona. Darwin's Nightmare, filamu ya hali halisi ya Mwaustria Hubert Sauper kuhusu biashara ya sangara wa Ziwa Victoria pale Mwanza, ilitoka 2004, ikazoa tuzo Ulaya na kuteuliwa kuwania Oscar. Rais Kikwete akaikemea hadharani, watu wakaandamana Mwanza. Ugomvi wote ukaishia kwenye swali moja: zile ndege za mizigo za Ilyushin zilizokuja kubeba minofu ya sangara, zilikuwa zinaleta silaha?

Swali hilo liliimeza filamu, na Sauper ana sehemu yake ya lawama, maana ndiye aliyelirudia mara kwa mara mbele ya marubani. Kwangu mimi uzito wa filamu ile uko kwa mlinzi wa usiku wa taasisi ya utafiti wa samaki. Ana upinde na mishale ya sumu. Analipwa dola moja kwa usiku, na nafasi yenyewe aliipata kwa sababu mlinzi aliyemtangulia aliuawa. Anayaeleza haya kwa sauti ya kawaida, kamera imetulia naye gizani, haimharakishi. Uko pia kwa akina mama wa mapanki: minofu imeshapaa kwenda Ulaya, vichwa na mifupa vinashushwa kwenye lori, wao wanavianika kwenye chanja huku funza wakijaa chini ya miguu yao. Hapo hapahitaji silaha yoyote ili mtu aone kuna jambo limeharibika. Gharama ya ile minofu iko pale, imesimama kwenye matope.

Kuna kitu bado kinaniuma. Serikali ilipokasirika, Sauper alikuwa Ulaya. Waliomfungulia mdomo walikuwa Mwanza, na wao ndio waliobaki kukabili hasira hizo. Anayepiga filamu ya wafanyakazi maskini lazima alifikirie hilo kabla hajawasha kamera, kisha arudi awaonyeshe wenyewe, kwa Kiswahili, kabla majaji wa matamasha hawajaiona.

Tena aulize mambo ya kazi yenyewe. Mwenye kiwanda alipewa nafasi ya kutosha kuzungumza. Wakata minofu tunawaona zaidi kuliko tunavyowasikia. Zamu ina saa ngapi? Kuna mkataba, au ni kibarua cha kuitwa asubuhi getini? Kisu kikimkata mtu, nani analipa hospitali? Majibu ya namna hiyo ni magumu kuyakanusha jukwaani, tofauti na tetesi za bunduki.

Siku hizi fedha kubwa imehamia kwenye mabondo, vile vifuko vya hewa vilivyo tumboni mwa samaki. Bondo la sangara likishakaushwa, kilo yake inauzwa China kwa bei ambayo minofu haiifikii hata kidogo. Vijana wetu wana kamera nzuri kwenye simu zao. Nawaomba waende mialoni, wakae na anayempasua samaki huyo, wamuulize kwa siku anaondoka na shilingi ngapi.